MKONO WA CHUMA HUTII AMRI: NI NANI ATAKAYEAMURU?

Ndugu wanachama,

Kila zinapotajwa khabari za roboti katika mikutano yetu, watu hugawanyika makundi mawili. Wako wasemao, "Hayo ni mambo ya Marekani na Japani, sisi yatuhusu nini?" Na wako wasemao, "Mashine hizo zikija tumekwisha; tusikubali hata moja." Sisi twaona makundi yote mawili yameruka swali lililo kubwa. Mkono wa chuma ukiambiwa "shika" au "achia", ni nani aliyeuambia? Ameuambia kwa njia gani? Na ni nani mwenye uwezo wa kuuambia "simama"? Mfanyi kazi asiyejua majibu ya maswali haya husimama karibu na mashine kama kipofu aliyesimama katikati ya reli.

Kwa hiyo leo twataka kueleza jinsi koleo la roboti linavyoamrishwa, kwa maneno ya karakana, kisha tuseme yale ambayo chama kinapaswa kudai. Wengine watatuambia hii ni kazi ya mainjinia. Twajibu kwamba mkono utakaobanwa si wa injinia.

KOLEO NA WAYA WAKE

Roboti ya kiwandani ni mkono wa chuma wenye viungo kadha. Mkono huo peke yake haufanyi kazi yo yote. Kwenye ncha yake hufungwa chombo: koleo la kushikia vitu, au bisibisi, au chombo cha kuchomelea, au vikombe vya mpira vinavyonyonya bati na kuliinua. Zamani makoleo mengi yalikuwa ya upepo tu. Valvu ikifunguka koleo hufunga, valvu ikigeuzwa koleo huachia. Halikujua kushika polepole wala kushika kwa nguvu, na halikujua kama limeshika chuma au limeshika hewa. Siku hizi yako makoleo mengi yenye mota ya umeme na akili kidogo ndani yake, nayo huamrishwa kwa tarakimu zinazopita katika waya.

Lugha moja inayotumika sana katika waya hizo yaitwa Modbus. Ilitungwa mwaka 1979 na kampuni ya Modicon ya Marekani, na ingali inatumika kila mahali kwa kuwa ni rahisi na kila mtengenezaji aruhusiwa kuitumia. Kanuni zake mtu aweza kuzifahamu kwa siku moja. Katika waya mmoja yuko mmoja tu aamuruye. Wengine wote wana namba zao, kuanzia 1 mpaka 247. Yule mkubwa huita namba, hutoa amri, kisha hungoja. Aliyeitwa hujibu, asiyeitwa hunyamaza. Mwisho wa kila ujumbe pana tarakimu za kukagulia, mfano wa jumla iliyo chini ya hesabu ya mizigo. Kama ujumbe umeharibika njiani, jumla haikubali, na koleo hunyamaza kana kwamba halikusikia kitu. Mkubwa akingoja bila jibu, ni juu yake kuita tena au kusimamisha kazi.

Ndani ya kila chombo mna visanduku vya tarakimu viitwavyo rejista. Kuamuru ni kuandika tarakimu katika rejista. Kuuliza ni kuisoma tarakimu iliyomo.

Tutoe mfano wa koleo lenyewe. Kampuni ya Robotiq ya Kanada hutengeneza koleo la vidole viwili liitwalo 2F-85. Vidole vyake hufunguka milimita 85. Likitoka kiwandani namba yake ni 9. Huandikiwa tarakimu tatu, na kila moja ni kati ya 0 na 255. Ya kwanza ni mahali pa vidole: 0 ni wazi kabisa, 255 ni kufunga kabisa. Ya pili ni mwendo, tangu milimita 20 kwa sekunde mpaka 150. Ya tatu ni nguvu ya kubana, tangu nyutoni 20 mpaka 235, yaani kama uzito wa kilo mbili mpaka kama kilo ishirini na nne. Kisha mkubwa huuliza, na koleo hujibu moja katika majibu manne: ningali naenda, nimezuiliwa na kitu nikifungua, nimezuiliwa na kitu nikifunga, nimefika nilikoambiwa, wala sikugusa kitu.

Basi huo ndio ufundi wote. Tarakimu moja ikibadilishwa, koleo lililokuwa likishika balbu ya taa bila kuivunja litabana kwa nguvu mara kumi na zaidi. Hakuna kelele, hakuna moshi, hakuna mtu aliyeonekana akivuta mkono wa mtambo. Ni tarakimu tu iliyoandikwa mahali fulani.

MAMBO MATATU AMBAYO KOLEO HALIJUI

La kwanza, koleo halijui limeshika nini. Hujibu kwamba limezuiliwa na kitu. Kitu hicho chaweza kuwa nati, na chaweza kuwa kidole cha mtu. Kwa koleo jibu ni lile lile. Tena umeme ukikatika na kurudi, makoleo ya namna hii hutaka kuamshwa kwanza, na katika kuamshwa hufunga na kufungua vidole mpaka mwisho ili kujua urefu wa mwendo wake. Mtu anayesafisha vidole hivyo, huku mwenzake akibonyeza kitufe upande wa pili wa karakana, ataumia wala hakuna aliyekusudia.

La pili, koleo halijui ni nani anayeliamuru. Katika lugha hii ya Modbus, kama ilivyotungwa, hakuna neno la siri wala sahihi. Ujumbe ukiwa na namba iliyo sawa na jumla iliyo sawa, hutiiwa. Mwaka 1999 lugha hii iliingizwa katika mitandao ya kompyuta, na hapo waya ambao zamani ulikuwa wa mita chache ndani ya kiwanda ukaweza kufikiwa kutoka mbali. Mwaka 1979 mtu mbaya alipaswa kuruka ukuta wa kiwanda kwanza. Sasa hana haja. Januari 2024, katika mji wa Lviv nchini Ukraine, wabaya waliandika tarakimu za uongo kwa lugha hii hii ya Modbus katika vyombo vya kupashia nyumba joto. Majumba zaidi ya 600 yalikaa katika baridi kali karibu siku mbili. Vyombo vyenyewe havikuwa vibovu. Vilitii. Kanuni mpya yenye ulinzi ilitolewa mwaka 2018, lakini vyombo vya zamani havijifunzi kanuni mpya vyenyewe. Lazima tajiri akubali kulipa vibadilishwe au viwekewe kinga.

La tatu, koleo halijui kusema lisipoulizwa. Hili twalitilia mkazo kuliko yote. Waliotunga lugha hii waliuita upande mmoja "bwana" na upande wa pili "mtumwa". Mwaka 2020 chama kinachotunza Modbus kiliyaacha maneno hayo, na sisi twasema walifanya vyema. Lakini kanuni yenyewe haikubadilika: chombo kilicho chini hakifungui kinywa mpaka kiitwe. Koleo likiangusha chuma, na mkubwa hakuuliza wakati ule, hajui. Ataendelea kuuzungusha mkono akidhani mzigo umo.

Sasa ndugu zetu, nani atakayesema kwamba chuma kimeanguka? Ni yule mfanyi kazi aliyesimama pale. Yeye ana macho, na ana kinywa ambacho hakingoji kuitwa. Wako matajiri ambao wangependa sana mfanyi kazi naye awe na tabia ya koleo, asijibu mpaka aulizwe. Twawaambia kwamba karakana ambayo koleo halisemi na mtu naye hasemi, hiyo ni karakana ya mauti.

WENZETU WALIOTANGULIA

Roboti ya kwanza ya kiwandani iliitwa Unimate. Mwaka 1961 ilianza kazi katika kiwanda cha General Motors karibu na mji wa Trenton, huko New Jersey, Marekani. Kazi yake ilikuwa kutoa vyuma vya moto katika mashine ya kusubu. Kazi ile ilikuwa ikiunguza watu na kuwajaza moshi mapafuni, na hatukusikia mtu mwenye akili akisema afadhali binadamu angeendelea kuungua. Hatuwezi kusema kila roboti ni adui.

Lakini tazameni yaliyofuata. Kampuni ile ile ilijenga kiwanda cha Lordstown, Ohio, na kukitia roboti za kuchomelea mabati ya magari. Mwendo wa kazi ukapandishwa mpaka magari karibu 100 kwa saa. Roboti haikulalamika. Watu waliofuata nyuma yake katika mstari ndio waliokimbizwa, na mwezi wa Machi 1972 wakagoma kwa muda wa wiki tatu hivi. Hawakugoma kwa sababu ya mshahara. Waligoma kwa sababu ya mwendo, na kwa sababu ya wenzao walioondolewa. Hapo twajifunza kwamba ile tarakimu ya mwendo iliyomo katika rejista haiamui mwendo wa mashine peke yake. Huamua mwendo wa miguu yetu pia.

Tarehe 25 Januari 1979, mwaka ule ule ilipotungwa Modbus, kijana Robert Williams, mwenye umri wa miaka 25, aliuawa katika kiwanda cha Ford huko Flat Rock, Michigan. Alipanda katika rafu ya vyuma ili atoe vipande kwa mkono, na mkono wa roboti ukampiga. Mwaka 1983 mahakama iliamuru jamaa zake walipwe dola milioni 10 na waliotengeneza mtambo ule. Julai 1981, huko Akashi nchini Japani, fundi Kenji Urada aliingia ndani ya ua wa roboti katika kiwanda cha Kawasaki ili aitengeneze. Roboti haikuwa imezimwa kabisa, ikamsukuma kwenye mashine ya kusaga akafa. Wote wawili walikuwa wafanyi kazi kama sisi. Wote wawili waliingia mahali ambapo mkono wa chuma haukujua kama yupo mtu.

RELI IMEKWISHA FUNDISHA JAMBO HILI

Sisi watu wa reli tusitishwe na maneno mageni. Fikira iliyo bora katika mambo haya twaijua tangu siku za babu zetu.

Mwaka 1872 George Westinghouse alitengeneza breki ya upepo yenye kujifunga yenyewe. Kabla ya hapo upepo ulitumika kufunga breki, na paipu ikipasuka breki hazikuwapo tena. Yeye aligeuza. Upepo ulio katika paipu ndio unaozuia breki zisifunge. Paipu ikikatika, mabehewa yakiachana mlimani, upepo hutoka na breki hujifunga zenyewe kila behewa. Uharibifu wenyewe ndio unaosimamisha gari. Kadhalika tokeni katika njia moja: dereva asipokuwa na tokeni mkononi haendi, hata kama njia yaonekana nyeupe. Ukimya hauhesabiwi kuwa ni ruhusa.

Basi tuiulize kila roboti maswali ya reli. Waya wako ukikatwa, wafanya nini? Mkono unapaswa kusimama. Lakini koleo lisiachie! Kusimama na kuachia ni mambo mawili. Koleo lililoshika chuma cha kilo kumi juu ya kichwa cha mtu, likiachia kwa sababu umeme umekwisha, limeua. Kanuni za kimataifa za usalama wa roboti, ziitwazo ISO 10218, ambazo zimetolewa upya mwaka 2025, zataka kwamba kupotea kwa umeme au upepo kusilete hatari ya mzigo kuachiwa. Yako makoleo yenye skrubu ambayo hubaki yamebana bila umeme, na ya upepo yenye springi au valvu ya kuzuia. Tajiri akinunua lile la bei rahisi lisilo na kinga hiyo, ameokoa fedha zake kwa kuweka rehani vichwa vyetu.

Na kitufe chekundu cha kusimamisha kisitegemee ujumbe wa kawaida wa Modbus. Tumekwisha kueleza kwamba ujumbe ulioharibika hunyamaziwa, na kwamba mkubwa hungoja. Mtu aliyebanwa hawezi kungoja. Zipo lugha nyingine za waya zilizotungwa makusudi kwa usalama na kupimwa kwa kazi hiyo. Modbus ya kawaida si mojawapo. Kitufe chekundu kiwe na njia yake kilichopimwa kwa usalama, kikate nguvu za mkono bila kuomba ruhusa kwa kompyuta.

KAZI ZETU JE?

Hatutawadanganya. Koleo likija, ziko kazi za kuinua na kuweka zitakazopungua. Mwenye kusema hakuna atakayepoteza kazi ni mwongo, na mwenye kusema wote watafukuzwa naye ni mwongo. Koleo hutaka mtu wa kulipangia tarakimu, mtu wa kubadili vidole vilivyolika, mtu wa kukagua waya na viungo, mtu wa kusoma makosa. Swali ni mtu yupi.

Tumekwisha kuona mfano kwa macho yetu, mahali ambapo hatutapataja. Mashine mpya ya kukatia chuma ililetwa, fundi mgeni akaja nayo. Alikaa wiki mbili, akaifunga, akaijaribu, kisha akaenda zake na kitabu chake. Mafundi wetu walionyeshwa vitufe viwili tu: kijani na chekundu. Mashine ilipokosea, watu wenye miaka kumi na mitano ya ufundi walikaa siku nne wakimngoja mgeni yule arudi, na aliporudi alibadilisha tarakimu moja. Tarakimu moja, ndugu zetu! Ufundi ule ungefundishwa katika juma moja. Badala yake tuliambiwa hatuna elimu, na waliokuwa wakingoja wakaandikwa kuwa ni watu wasio na kazi ya kufanya. Mwaka uliofuata wawili kati yao waliachishwa.

Hivyo ndivyo mtu anavyofukuzwa na mashine. Mashine haimfukuzi. Hufukuzwa na elimu aliyonyimwa.

Tena kuna jambo la hesabu. Koleo hukumbuka. Mkubwa anayeliuliza mara nyingi kwa kila sekunde aweza kuandika lilifunga mara ngapi, na lilikaa bure dakika ngapi likingoja mtu alete chuma. Hesabu hiyo ikiwa mikononi mwa tajiri peke yake, itatumika kumhukumu mleta chuma. Ikiwa mikononi mwetu pia, itaonyesha mara ngapi koleo lilikosa kushika, na mara ngapi tuliinama kuokota lililoliangusha.

TWATAKA CHAMA KIDAI NINI

Wako watakaosema kwamba kujifunza mashine hizi ni kumsaidia tajiri kutufukuza. Twawajibu kwamba asiyeijua mashine hana la kuzungumza mezani. Ataambiwa "haiwezekani kuipunguza mwendo," naye atakubali, kumbe ni tarakimu moja. Kuzivunja nako hakufai. Huleta polisi, wala hakuleti mkataba. Kwa hiyo twapendekeza haya:

1. Mashine ya namna hii isifungwe kabla chama hakijaelezwa itafanya nini, na ni kazi za nani zitakazoguswa. Sheria ya Ajira ya mwaka 2007, kifungu cha 40, yamlazimisha mwajiri kukiarifu chama na ofisa wa kazi si chini ya mwezi mmoja kabla ya kupunguza watu, na kulipa si chini ya mshahara wa siku 15 kwa kila mwaka mzima wa kazi. Lakini tusingoje mpaka siku hiyo. Tudai mazungumzo wakati mashine ingali katika karatasi.

2. Mafundi waliopo wafundishwe kwanza, kwa saa za kazi na kwa mshahara kamili: kusoma rejista, kubadili mwendo na nguvu, na kutafuta makosa ya waya. Kitabu cha mashine kikae karakanani, si katika kabati la ofisi lenye kufuli.

3. Mipaka ya mwendo na nguvu ya kubana iandikwe na kubandikwa ukutani, na isibadilishwe bila kamati ya usalama kujua. Sheria ya Usalama na Afya Kazini ya mwaka 2007 yataka kamati hiyo iwepo mahali penye wafanyi kazi 20 au zaidi. Mahali ambapo haipo, chama kiulize leo.

4. Waya wa mashine usiunganishwe na mtandao wa nje bila kinga, na ijulikane ni nani mwenye ruhusa ya kuamuru kutoka mbali. Mtu akiwa ndani ya ua wa roboti, amri zote za mbali zifungwe kwa kufuli, na ufunguo awe nao yeye mwenyewe mfukoni.

5. Mfanyi kazi anayesimamisha mashine kwa kuogopa hatari asiadhibiwe. Sheria hiyo hiyo, kifungu cha 14, yatuagiza kutoa khabari ya hatari kubwa, na yamkataza mwajiri kumrudisha mtu mahali ambapo hatari hiyo ingalipo.

6. Hesabu zinazotoka katika mashine zionyeshwe kwa wafanyi kazi pia.

Hakuna hata moja hapo iliyo ngumu kwa tajiri mwenye nia njema. Nyingi hazigharimu zaidi ya karatasi na kufuli.

Mwisho twawaomba wajumbe wa kila tawi wafanye jambo moja kabla ya mkutano ujao. Nendeni mkatazame mashine zenu zenye waya, hata kama si roboti: winchi, mashine ya kukerezea magurudumu, pampu. Ulizeni mambo matatu tu. Waya huu ukikatika sasa hivi, mashine itafanya nini? Nani anaweza kuiamuru asiyekuwa hapa? Na kitabu chake kiko wapi? Andikeni majibu mkayalete. Mahali mtakapojibiwa "hilo si jambo lenu", andikeni jibu hilo pia, na jina la mashine, na tarehe. Hapo ndipo tutakapoanzia.

Umoja ni nguvu.

Sisi wenzenu wa karakana ya mabehewa